Barua ya wazi: turuhusuni kuhamisha gemu tulizozilipia

Kwa wakuu wa maduka yanayouza gemu za kompyuta mtandaoni;
na kwa Mkurugenzi Mkuu, Mamlaka ya Ushindani ya Kenya.

Waheshimiwa,

Baada ya salamu nyingi kutoka Mombasa, dhumuni la barua hii ni kuwaomba jambo moja. Mtu aliyetoa pesa zake akanunua gemu ya kompyuta apewe njia halali ya kuitoa kwenye akaunti yake na kuitia kwenye akaunti ya mwengine: ndugu yake, mwanawe, rafiki anayemtunuku, au mrithi wake akishafariki. Siombi nakala mbili kwa bei ya moja. Naomba ile moja iliyolipiwa iweze kuondoka, na ikishaondoka isibaki kwa mwenyewe wa kwanza.

Mimi ni fundi wa kompyuta. Kazi yangu naifanyia karibu na Mwembe Tayari, na wateja wangu wengi ni vijana: wa Majengo, wa Kisauni, wa Likoni wanaovuka na feri asubuhi wamebeba CPU kwenye gunia, na wa Nyali pia, ambao mashine zao ni za pesa nyingi. Wengi hununua kompyuta za ex-UK zilizokwisha kutumika maofisini, kisha huniletea niwatilie kadi ya michoro na kuongeza RAM. Kompyuta moja huchezewa na ndugu watatu au wanne kwa zamu. Akaunti nayo huwa moja, kwa jina la yule aliyekuwa na kitambulisho na laini ya M-Pesa siku ya kwanza. Hapo ndipo shida inapoanzia, kwa sababu watu hukua, huoa, husafiri, hukosana, hufa, na akaunti inabaki na jina lile lile.

Ni vyema mfahamu gemu huku kwetu inapatikana vipi. Steam, duka kubwa kuliko yote ya gemu za kompyuta, halina bei ya shilingi ya Kenya. Tunauziwa kwa dola. Gemu kubwa ikitoka huwa dola 60 au 70, yaani kama shilingi 8,000 hadi 9,000, pesa ambazo katika mitaa mingi ya mji huu mtu analipia chumba mwezi mzima na chenji akabaki nayo. Kwa miaka mingi kijana asiye na kadi ya benki hakuwa na njia ila kumwomba mwenye kadi amlipie, na mara nyingi gemu iliishia kwenye akaunti ya huyo mwenye kadi. Nafuu ilikuja mwaka 2022, Safaricom na Visa walipoanzisha kadi ya M-Pesa GlobalPay, ambayo mtu huitengeneza kwenye simu yake na kulipia duka la nje. Baada ya kulipa kuna kupakua. Gemu ya Baldur's Gate 3 peke yake inataka nafasi ya GB 150. Nyaya za intaneti zinazopita chini ya bahari, za SEACOM na TEAMS, zilitua hapa hapa Mombasa mwaka 2009, lakini nyumba nyingi bado zinaishi kwa bando la siku, na wapo wanaohamishia kompyuta kwa jamaa mwenye Wi-Fi, ikakaa huko hadi gemu ikamilike. Mtu aliyepitia yote hayo haoni kwamba amekodi. Anaona amenunua, na nyumbani wote wanaona hivyo.

Mikataba yenu inasema vyengine. Ule wa Steam unaeleza kwamba programu tunapewa kwa leseni na hatuuziwi, na kwamba akaunti hairuhusiwi kuuzwa wala kuhamishiwa mtu mwengine. Maduka mengi makubwa yana sharti kama hilo. Jimbo la California lilipitisha sheria mwaka 2024, ile ya AB 2426, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2025, inayomtaka muuzaji wa bidhaa za kidijitali amweleze mteja waziwazi kabla ya kulipa kwamba anachopata ni leseni. Steam lilianza kuweka tangazo la namna hiyo kwenye ukurasa wa malipo Oktoba 2024. Nashukuru kwa ukweli huo, ingawa ulihitaji kusukumwa na sheria. Lakini tangazo halikuongeza haki hata moja. Anayelisoma na asiyelisoma wako pale pale.

Wakati wa diski mambo hayakuwa hivi. Kijana alikuwa akimaliza gemu, anaichukua diski yake na boksi lake, anakwenda dukani mjini anabadilisha na nyengine kwa kuongeza pesa kidogo. Au anamwazima mwenzake wa shule. Au anamwachia mdogo wake akienda chuo. Mama akinunua kanga Biashara Street, akaivaa, kisha akampa binti yake, mwenye duka haulizwi, na wala hana dukuduku. Kampuni zilizotengeneza gemu zile zilikua wakati huo huo diski zikipita mkono kwa mkono, na sisi tulizijua gemu zenu kwa sababu diski zilipita mkono kwa mkono. Wateja wangu wengi walio na akaunti zenye gemu nyingi leo walianza kwa diski ya kuazima.

Ukuta ulianza kujengwa mapema. Valve, kampuni yenye duka la Steam, ilipotoa gemu ya Half-Life 2 mwaka 2004, hata aliyenunua diski dukani alilazimika kuisajili kwenye akaunti ya Steam ndipo acheze. Chama cha kutetea watumiaji nchini Ujerumani kilikwenda mahakamani, na Februari 2010 Mahakama ya Shirikisho ya huko iliamua kwamba sharti hilo halikuvunja sheria: diski yako ruhusa kuiuza, ila akaunti huwezi. Aliyeinunua angepata diski isiyofungua kitu. Tangu hapo diski zenyewe zikaanza kupotea kwenye kompyuta, na hata laptopu mpya ninazoletewa siku hizi hazina tundu la kuitilia.

Sasa niruhusuni nikae kidogo kwenye jambo ambalo ndilo lililonifanya niandike, maana nimesikia mara nyingi kwamba kuhamisha gemu kutoka akaunti moja hadi nyengine ni kazi ngumu, mlango wa wizi, jambo lisilowezekana. Kwenye Steam kuna soko la watumiaji lililofunguliwa mwaka 2012. Humo kisu kilichopakwa rangi cha ndani ya gemu ya Counter-Strike, kitu ambacho hakipo nje ya skrini, kinaondoka kwenye akaunti ya mtu mmoja kinaingia kwenye akaunti ya mwengine kwa pesa. Duka linakata asilimia 5, na gemu yenyewe inakata asilimia 10 nyengine. Aliyekuwa nacho hanacho tena. Aliyekipata ni chake. Mtu akibadilishana vitu bila kithibitishaji cha simu, yaani programu ya simu inayohakikisha kwamba ni yeye, kitu kinazuiliwa hadi siku 15 ili mwenyewe apate kushtuka kama ameibiwa. Rekodi ipo, ada ipo, muda wa kungoja upo, ulinzi upo. Mashine nzima ya kuhamisha mali kati ya akaunti imejengwa, na imefanya kazi kwa zaidi ya miaka kumi. Kisu kinahama. Gemu ambayo kisu hicho kinachezewa ndani yake, kama ni ya kulipia, haihami.

Tena si mara ya kwanza kampuni kubwa kulifikiria. Microsoft ilipokuwa ikiandaa mashine yake ya gemu, Xbox One, mwaka 2013, ilitangaza mpango ambao mtu angeweza kumpa rafiki gemu yake, mradi awe kwenye orodha ya marafiki zake kwa siku 30 au zaidi, na kila gemu itolewe mara moja tu. Mpango ule mzima ulikuwa na masharti mengine magumu yaliyowaudhi wateja, na ukafutwa Juni mwaka huo huo. Lakini kile kipande cha kumpa rafiki kilikuwa kimefikiriwa vizuri, hadi muda wa kungoja umewekwa. Nintendo nayo, mwaka 2025, iliwawezesha wenye mashine yake ya gemu, Switch, kumwazima mtu wa familia gemu ya kidijitali kwa wiki mbili, kisha gemu inarudi yenyewe kwa mwenyewe. Wiki mbili zile, mwenyewe haichezi. Haya ni mambo yanayofanyika.

Najua mtanijibu kwamba mmetupa mfumo wa familia. Ni kweli, na haki ya mtu apewe: mfumo mpya wa familia wa Steam, uliokamilika Septemba 2024, ni bora kuliko ule wa mwanzo wa mwaka 2013. Zamani mmoja akicheza gemu yoyote kwenye maktaba, maktaba nzima ilifungika kwa mwengine. Sasa watu sita wanaweza kuunganisha maktaba zao, kila mmoja akacheza gemu tofauti wakati mmoja, na kila mtu akahifadhi hatua zake. Nimewawekea wateja wengi mfumo huo kwa mikono yangu na nimeona watoto wakifurahi. Pia kuna uwezo wa kunakili gemu kutoka kompyuta moja hadi nyengine kwa mtandao wa ndani ya nyumba, bila kula bando, ulioanza mwaka 2023. Kwa huku kwetu hiyo ni neema.

Lakini kuazimana ndani ya kikundi si kuhamisha, na kikundi chenyewe kimeshonwa kwa kipimo cha familia isiyo yetu. Kimekusudiwa watu wanaoishi nyumba moja. Mtu mzima akitoka, hawezi kuunda wala kujiunga na familia nyengine hadi mwaka utimie tangu alipojiunga na ile ya kwanza, na nafasi aliyoiacha nayo inangoja vivyo hivyo. Mtoto akifanya udanganyifu akiwa anacheza nakala yako, nawe mwenyewe unafungiwa gemu hiyo. Mtengenezaji akitaka kuitoa gemu yake kwenye mfumo, anaitoa. Na siku mwenye akaunti anapoondoka kwenye kikundi, gemu zake zote zinaondoka naye, hata zile zilizonunuliwa kwa pesa za ndugu watatu waliochanga.

Familia ya Mombasa haikai hivyo. Ndugu aliyekwenda Doha kufanya kazi bado ni wa nyumba hii: anatuma pesa kila mwezi, chumba chake kipo, na hakuna anayemwita mgeni akirudi. Kaka yangu ni mmoja wao. Kabla ya kuondoka alikuwa amejaza gemu nyingi kwenye akaunti yake kwa mshahara wake wa bandarini, na alitaka baadhi yake zimwendee mwanawe aliyebaki hapa na mamake. Aliliandikia duka alikozinunua, nami nikaandika kumsaidia. Jibu lilikuja kwa lugha nzuri, kwamba gemu haiwezi kutolewa kwenye akaunti moja na kutiwa kwenye nyengine kwa sababu yoyote. Basi kijana anaingia kwa nywila ya babake. Baba akifungua gemu kule baada ya zamu, mtoto huku anatolewa katikati ya mchezo, na mara nyengine msimbo wa kuingilia unatumwa kwa simu iliyoko Doha wakati baba yuko kazini. Kwa mujibu wa mkataba, kijana huyu anayecheza gemu alizopewa na babake mzazi anavunja masharti. Mnamfundisha mtoto kwamba zawadi ya babake ni jambo la kufanywa kwa kificho. Hilo linaniuma kuliko gemu zenyewe.

Na kuna walioondoka moja kwa moja. Mama mmoja wa Kibokoni aliniletea laptopu ya mwanawe aliyefariki. Wadogo wa marehemu walitaka kuendelea na gemu zake, na yeye mama alitaka kuona zile saa na tuzo zilizoandikwa chini ya jina la mwanawe. Nywila tulikuwa nayo, imeandikwa kwenye daftari. Laini ya simu ilikuwa imeshazimwa kwa kukosa kutumiwa, na barua pepe ikawa inataka msimbo uliotumwa kwenye laini ile ile. Sikuweza kumsaidia. Hakuna mlango wa kubisha: kumweleza muuzaji kwamba mwenye akaunti amekufa ni kumpa sababu ya kuifunga.

Hapa Mombasa mirathi tunaijua. Muislamu akifariki, mambo yake hupelekwa Mahakama ya Kadhi, iliyotajwa na Katiba yetu katika Kifungu cha 170, na kila mrithi anapata fungu lake. Asiye Muislamu ana Sheria ya Urithi na mahakama zake. Nyumba inagawiwa, minazi inagawiwa, mashine ya boti inagawiwa, na hata pesa zilizobaki kwenye M-Pesa ya marehemu zina utaratibu wa warithi kuzidai. Maktaba ya gemu iliyogharimu laki na zaidi haiingii hata kwenye orodha. Mei 2024 habari zilienea duniani kwamba huduma ya wateja ya Steam imemjibu mtu kuwa akaunti hairithishwi kwa wosia. Wengi waliona kama ni jambo la kuchekesha la watu wa Ulaya na Marekani. Kwa mama niliyemtaja halikuchekesha. GOG, duka la Poland, lilisema mwaka huo huo kwamba likiletewa amri ya mahakama inayomtaja mrithi wa akaunti, litajitahidi kuitekeleza. Yaani inawezekana, pakiwa na nia. Nalo duka hilo, tangu lilipoanza mwaka 2008, linauza gemu zisizo na kufuli: unapakua faili la kusakinishia, unaliweka kwenye hard disk ya kompyuta yako, na duka likifungwa kesho bado unacheza. Halijafilisika kwa ajili hiyo.

Niseme na juu ya wizi, kwa kuwa ndio sababu inayotajwa sana. Kukataza hakukuzuia watu kuhamisha. Kumewasukuma kwenye njia mbovu. Kwa sababu gemu moja haiwezi kuuzwa, vijana wanauza na kununua akaunti nzima kwenye makundi ya WhatsApp na Telegram. Mnunuzi anatuma pesa kwa M-Pesa, anapewa jina na nywila, anacheza siku chache. Kisha muuzaji anakwenda kwa huduma ya wateja na ile barua pepe ya mwanzo na risiti ya mwanzo, anasema ameibiwa, na akaunti inarudishwa kwake. Pesa zimekwenda. Aliyetapeliwa hana pa kulalamikia, kwani naye alivunja mkataba. Nimewaona wakija karakana wakidhani kompyuta imeharibika. Njia halali yenye ada, muda wa kungoja na rekodi ingewamaliza matapeli hawa kuliko onyo lolote.

Hoja yenu nzito kuliko zote ni hii: diski huchakaa, faili halichakai, soko la mitumba la mafaili lingeua mauzo ya gemu mpya, na watengenezaji wadogo wangeumia kwanza. Hoja hii naiheshimu. Na sitaficha kwamba mahakama za Ulaya kwa sasa ziko upande wenu. Mwaka 2012 Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya, katika kesi ya UsedSoft na Oracle, iliruhusu leseni za programu zilizopakuliwa kuuzwa tena. Chama cha watumiaji cha Ufaransa, UFC-Que Choisir, kiliishtaki Valve kikitaka haki hiyo hiyo kwa gemu, na Septemba 2019 mahakama ya Paris ikakubaliana nacho. Lakini mwaka huo huo, Desemba, mahakama ile ya Umoja wa Ulaya ilikataa kuuzwa tena kwa vitabu vya kielektroniki katika kesi ya Tom Kabinet. Oktoba 2022 Mahakama ya Rufaa ya Paris ikatengua hukumu ya kwanza, na Oktoba 2024 mahakama ya juu kabisa ya Ufaransa ikalitupa ombi la chama. Gemu, zilisema mahakama hizo, si programu tupu. Ina muziki, michoro, hadithi, na hulindwa kama kazi ya sanaa.

Nayakubali maamuzi hayo yalivyo. Yanasema hamlazimiki. Hayasemi mmekatazwa. Na mimi sikuja na ombi la soko huria la mitumba. Tieni masharti, tutayafuata. Gemu ikae kwanza kwa aliyeinunua muda wa kutosha, upite ule wa kurudishiwa pesa, ambao kwenye Steam ni siku 14 na saa mbili za kucheza. Ihamishwe mara moja tu kwa mwaka. Wekeni ada, na fungu kubwa la ada limwendee mtengenezaji, ambaye kwenye diski za zamani hakupata hata senti ilipouzwa mara ya pili. Iliyofungiwa kwa udanganyifu isihame. Anayepokea awe kwenye orodha ya marafiki au ya familia kwa miezi kadhaa. Kama mnahofia watu kununua kwenye nchi za bei nafuu wakauza kwenye nchi za bei ghali, zuieni kwa nchi, kama mnavyozuia zawadi pale bei zinapotofautiana sana. Ila msimzuie baba aliye Doha: angalieni gemu ilinunuliwa wapi na inakwenda wapi, msiangalie baba analala wapi. Na kama haya yote ni mengi kwa mwanzo, anzeni na warithi. Cheti cha kifo, na hati ya mahakama inayomtaja mrithi. Hakuna mtengenezaji atakayefilisika kwa kuwa mtoto amerithi gemu za babake.

Kwenu Mamlaka ya Ushindani, naandika kwa sababu Sheria ya Ushindani ya mwaka 2010 imewapa kazi ya kumlinda mtumiaji dhidi ya mwenendo usio wa haki, na Kifungu cha 46 cha Katiba kinampa haki ya kupewa habari anazohitaji na kulindwa maslahi yake ya kiuchumi. Sheria ya Kulinda Watumiaji ya mwaka 2012 inagusa mikataba inayofanywa kwa intaneti. Serikali nayo haikuchelewa upande wa kodi: tangu mwaka 2021 inawataka wauzaji wa nje watoze VAT kwa maudhui ya kidijitali yanayopakuliwa na wateja walio Kenya, na kiwango ni asilimia 16. Mimi sipingi kodi. Nasema tu kwamba mauzo yanayotambuliwa yanapotozwa kodi yatambuliwe pia pale mnunuzi anapohitaji kulindwa. Kwa sasa kijana wa Kisauni aliyefungiwa akaunti na muuzaji wa ng'ambo hajui ofisi ya kwenda. Hata mawakili niliowauliza hawana uhakika.

Hamna uwezo wa kuiandika upya mikataba ya kampuni za Marekani, nalifahamu hilo. Lakini mnaweza kuwaita wauzaji wanaotoza pesa hapa na kuwauliza hadharani. Mnaweza kuwataka watoe tangazo la leseni kwa mteja wa Kenya, kwa Kiswahili na Kiingereza, kabla ya kulipa, kama California ilivyofanya. Australia ni mfano wa karibu: tume ya ushindani ya huko iliishtaki Valve kwa namna ilivyoeleza haki za kurudishiwa pesa, na mwaka 2016 mahakama ikaamua kwamba sheria ya watumiaji ya Australia inaihusu kampuni hiyo ingawa makao yake ni Marekani. Ilitozwa faini ya dola milioni 3 za Australia. Muuzaji wa mbali anasikia akiitwa na nchi inayojua inachotaka.

Na mnaweza kukaa na Idara ya Mahakama, Makadhi wakiwemo, mkaandika mwongozo wa mali za kidijitali katika mirathi: akaunti za gemu, picha, barua pepe, vitabu. Makadhi wetu wamegawa mashamba yenye migogoro ya vizazi. Wakipewa maelezo ya kitu hiki ni nini na kinafunguliwa vipi, hawatashindwa kukitia kwenye fungu la mtu. Mafundi kama mimi tuko tayari kueleza upande wa kompyuta bila malipo.

Wenye maduka, ninalowaomba sasa hivi ni jibu. Liandikwe, lichapishwe mahali ambapo kila mteja ataliona, na liseme kama mtaruhusu kuhamisha au hamtaruhusu, na kama hamtaruhusu, kwa nini kisu kinahama na gemu haihami. Mamlaka, kwenu naomba tarehe ya kuonana. Nitakuja na nakala ya barua tulizoandika mimi na kaka yangu pamoja na jibu tulilopewa, na mama wa Kibokoni amesema yuko tayari kuja na laptopu ya mwanawe.

Wenu,
Fundi wa kompyuta,
Mwembe Tayari, Mombasa